Mkopo wa Milioni 60, Malipo ya Milioni 211

Binamu yangu alikuja nyumbani Jumapili moja jioni na bahasha ya kaki mkononi. Chai ilikuwa mezani, hakuigusa. "Kaka, hebu nisomee hii karatasi," akasema, "maana mimi naona nimeibiwa."

Ndani ya bahasha kulikuwa na taarifa ya mwaka ya mkopo wa nyumba. Binamu yangu ni muuguzi, mumewe ni mwalimu wa sekondari. Mwaka mmoja nyuma walikuwa wamekopa benki shilingi milioni 60 kununua nyumba ya vyumba vitatu Kigamboni, Dar es Salaam. Riba ilikuwa asilimia 17 kwa mwaka, muda miaka 20, rejesho shilingi 880,080 kila mwisho wa mwezi. Hawakukosa hata mwezi mmoja. Kwa miezi 12 walikuwa wamelipa shilingi 10,560,960. Na karatasi ilisema deni lililobaki ni shilingi 59,609,543.

Yaani milioni 10 na nusu zimetoka, na deni limepungua kwa laki tatu na elfu tisini.

Tulikaa na kikokotoo cha simu hadi saa nne usiku. Hakuna karani aliyeiba. Benki ilihesabu sawasawa, kwa njia ambayo kwa kweli ndiyo ya haki kuliko nyingine zilizopo sokoni: riba inatozwa kwenye salio, na salio linapopungua na riba inapungua. Asilimia 17 ya milioni 60 ni milioni 10 na laki mbili kwa mwaka. Gawanya kwa 12, unapata 850,000. Hiyo ndiyo riba ya mwezi wa kwanza peke yake. Rejesho ni 880,080. Kinachobaki kwenda kupunguza deni ni shilingi 30,080. Mwezi unaofuata riba inatozwa kwenye deni lililopungua kwa hiyo 30,080, kwa hiyo inashuka kwa shilingi 426, na kiasi cha kupunguza deni kinapanda kwa 426 hizo hizo. Ndivyo mkopo unavyotembea, kwa hatua za shilingi 426, na mwendo huo unakuja kushika kasi miaka ya mwisho kabisa.

Alininyamazia kwa muda, kisha akauliza swali ambalo ndilo limenifanya niandike makala haya: "Sasa mbona siku ile tunasaini hakuna aliyetuambia hivi?"

Nimeulizia kwa jamaa na marafiki waliowahi kukopa nyumba. Karibu wote walikwenda benki na swali moja: kwa mwezi nitakatwa kiasi gani? Na afisa mikopo naye alikuwa na swali hilo hilo, kwa sababu kazi yake ni kuangalia kama mshahara unatosha. Kwa mtumishi wa umma kuna utaratibu wa kubakiwa na theluthi moja ya mshahara baada ya makato, kwa hiyo mazungumzo yote yanazunguka hapo: je, rejesho hili linaingia kwenye theluthi mbili? Likiingia, kalamu inatolewa. Rejesho la mwezi linakuambia kama utaweza kuishi mwezi huu, na hilo ni jambo la maana. Bei ya mkopo halikuambii. Bei imo ndani ya miaka.

Zidisha 880,080 kwa miezi 240. Unapata shilingi 211,219,200. Milioni 60 ni nyumba, milioni 151 ni riba. Watu wakiona hesabu hii hushtuka kwa ile jumla, lakini mimi kinachonisumbua zaidi ni namna deni linavyokaa katikati ya safari. Baada ya miaka 5, binamu yangu na mumewe watakuwa wamelipa milioni 52.8, karibu sawa na mkopo wenyewe, na bado watadaiwa milioni 57 na laki moja na themanini. Baada ya miaka 10, nusu ya muda, watakuwa wamelipa milioni 105 na nusu, na deni litakuwa milioni 50 na laki sita. Nusu ya deni, ile milioni 30 ya kwanza, itaisha mwaka wa 17. Mtoto aliyezaliwa mwezi wa kusaini mkataba atakuwa sekondari, wazazi ndiyo kwanza wanavuka katikati.

Haya yana uzito wake pale maisha yanapoyumba. Mtu akiachishwa kazi mwaka wa 5, au akiugua, anajiona ameshalipa sana na kwamba nyumba sasa ni yake kwa sehemu kubwa. Kwenye vitabu vya benki amelipa chini ya milioni 3 ya deni la msingi, yaani ile milioni 60 yenyewe bila riba. Sheria ya Ardhi inampa mkopaji notisi ya siku 60 kabla benki haijachukua hatua ya kuuza dhamana. Nyumba ikienda kwenye mnada na kuuzwa kwa bei ya mnada, baada ya kutoa milioni 57 na gharama za dalali, familia inaweza kuondoka na mabegi tu. Ndiyo maana sheria hiyo hiyo inataka mwenzi wa ndoa aridhie kwanza nyumba ya familia kuwekwa rehani. Ridhaa hiyo mara nyingi inasainiwa mezani dakika ya mwisho na mtu ambaye hajaonyeshwa hesabu hata moja. Ningependa mwenzi naye aonyeshwe salio la mwaka wa 5 kabla ya kushika kalamu.

Turudi kwenye miaka, maana hapa ndipo wengi tunaumia kwa hiari yetu. Mkopo ule ule wa milioni 60, riba ile ile ya asilimia 17, ukilipwa kwa miaka 15 badala ya 20, rejesho ni shilingi 923,402. Ni ongezeko la shilingi 43,322 kwa mwezi. Jumla inakuwa milioni 166.2. Kwa hiyo elfu arobaini na tatu za kila mwezi zinaokoa milioni 45 na miaka 5 ya maisha. Sasa nenda upande wa pili. Ukiambiwa, "Tukupe miaka 25, rejesho lishuke," rejesho linashuka hadi 862,678. Umepunguziwa shilingi 17,402 kwa mwezi, hela ya vocha na nauli za siku chache, na jumla imepanda hadi milioni 258.8. Umeongeza milioni 47 na nusu kwenye bei ya nyumba ile ile. Mwezi wa kwanza wa mkopo wa miaka 25 deni linapungua kwa shilingi 12,678.

Binamu yangu alikumbuka kwamba walipewa nafasi ya kuchagua kati ya 15 na 20, na walichagua 20 "ili tupumue." Elfu arobaini na tatu. Aliirudia hiyo namba mara mbili.

Riba za namna hii zina historia yake. Benki ya Nyumba Tanzania, iliyokuwa ikikopesha wananchi tangu enzi za Mwalimu Nyerere, ilifungwa mwaka 1995, na kwa zaidi ya muongo mmoja mtu wa kawaida hakuwa na pa kwenda. Sheria ya mikopo ya nyumba ilipitishwa mwaka 2008, na mwaka 2010 ikaanzishwa TMRC, kampuni inayozipa benki fedha za muda mrefu ili nazo ziweze kukopesha kwa muda mrefu. Wakati huo riba ilikuwa asilimia 22 hadi 24 na muda miaka 5 hadi 10. Leo taarifa za soko zinataja riba kati ya asilimia 15 na 19, na muda umefika hadi miaka 25. Tumepiga hatua, na nasema hivyo kwa moyo mmoja. Lakini benki nayo ina hesabu zake. Amana zake nyingi ni za muda mfupi, na upande wa pili kuna Serikali inayokopa: hadi Aprili 2022 hatifungani ya miaka 20, yaani hati ambayo Serikali hukopea, ilikuwa ikilipa asilimia 15.49. Mwenye fedha anayeweza kuikopesha Serikali kwa kiwango hicho akalala usingizi hatamkopesha mwalimu na muuguzi kwa asilimia 10. Ndiyo maana mikopo ya nyumba nchini bado haijafika hata asilimia 1 ya pato la taifa, na nyumba nyingi tunazoziona zimejengwa kwa fedha ya mfukoni.

Kuna kifungu kimoja kwenye mkataba wa binamu yangu nilichokipigia mstari kwa kalamu nyekundu: benki inaweza kubadilisha kiwango cha riba kulingana na hali ya soko. Chukua tena hesabu ya mwezi wa kwanza. Riba ikipanda kutoka asilimia 17 hadi 17.6 tu, riba ya mwezi kwenye milioni 60 inakuwa shilingi 880,000. Rejesho lote limemezwa, na deni linapungua kwa shilingi 80. Ikifika asilimia 19, riba ya mwezi ni 950,000. Hapo benki ama ipandishe rejesho hadi 972,411, ama iliache lile la zamani na deni lianze kukua wakati unalipa.

Wakenya wanalijua hili. Januari 2011 kiwango cha riba cha Benki Kuu ya Kenya, kinachoongoza riba za benki nyingine, kilikuwa asilimia 5.75. Kufika Desemba mwaka huo huo kilikuwa asilimia 18. Waliokopa nyumba kwa riba inayobadilika walipata barua ndani ya miezi michache, na mipango ya familia ikavurugika kwa kosa ambalo si lao. Baadaye, mwaka 2016, Bunge la Kenya liliweka kikomo cha riba, kisiwe zaidi ya pointi 4 juu ya kiwango cha Benki Kuu. Benki zikapunguza kukopesha watu wa kawaida, na Novemba 2019 kikomo kikaondolewa. Kwa hiyo mimi siamini sana katika kuamuru riba ishuke kwa sheria. Naamini katika mkopaji kujua mapema: je, riba hii imefungwa au inabadilika? Ikibadilika, inafuata kipimo gani ambacho na mimi naweza kukiona? Na je, mkataba unataja kiwango cha juu kabisa?

Kuna watakaosema, na wana hoja, kwamba milioni 211 za miaka 20 ijayo si sawa na milioni 211 za leo, kwa sababu shilingi inashuka thamani. Ni kweli. Desemba 2011 mfumuko wa bei Tanzania ulifika asilimia 19.8. Mwaka kama ule, anayelipa riba ya asilimia 18 anarudisha fedha iliyoliwa na mfumuko, na kwa kweli amepata nafuu. Lakini miaka ya karibuni mfumuko umekuwa karibu asilimia 3. Nikiyashusha malipo yote 240 kwa asilimia 3 kwa mwaka ili yalingane na fedha ya leo, napata karibu milioni 159. Bado ni mara 2 na zaidi ya nusu ya mkopo. Hoja ya mfumuko ilikuwa na nguvu kubwa enzi zile, leo haibebi mzigo huo. Mishahara ikipanda, rejesho litakuwa jepesi, na hilo ndilo tumaini la wengi. Basi mshahara ukipanda, nyongeza ielekezwe kwenye deni kabla mahitaji mengine hayajaizoea.

Gharama za kuingilia nitazipitia haraka, maana ni ndogo zikilinganishwa na riba, ingawa zinachoma kwa sababu zinadaiwa kwa mkupuo: ada ya kushughulikia mkopo, mthamini, wakili, ushuru wa stempu, usajili wa rehani, bima ya maisha ya mkopaji na bima ya jengo. Bima ndiyo ya kuangalia vizuri, kwa kuwa nyingine inalipwa kila mwaka kwa miaka yote. Uliza kama imo kwenye rejesho au iko pembeni.

Na uwe macho na riba ya kiwango kimoja, ile inayotozwa kwenye mkopo wa mwanzo hadi mwisho hata kama deni limeshashuka. Utasikia "asilimia 10 tu kwa mwaka" na utaona ni rahisi kuliko 17. Milioni 60 kwa miaka 10 kwa mtindo huo ni riba ya milioni 6 kila mwaka, jumla milioni 60, rejesho milioni 1 kwa mwezi. Ukiigeuza kuwa riba ya salio linalopungua, ni karibu asilimia 16. Ahadi ya 10 na ukweli wa 16 vinakaa kwenye karatasi moja. Kwa upande huu naupenda uwazi wa murabaha, ambao wenzetu wengi wa Zanzibar na Mombasa wanautumia: benki inanunua, inakuuzia kwa bei iliyoongezwa faida, na bei yote inatajwa siku ya kwanza. Inaweza isiwe rahisi hata kidogo, lakini hakuna anayegundua bei baada ya mwaka mmoja.

Je, basi bora kujenga kidogo kidogo? Ndivyo wengi wetu tulivyojenga, mimi nikiwemo. Lakini tusijidanganye kwamba njia hiyo haina riba. Nilipandisha boma likakaa miaka 6 bila kupauliwa. Nondo za juu zilishika kutu, matofali ya mstari wa juu yakaliwa na mvua, saruji ikapanda bei kila nilipopata fedha, na muda wote huo nililipa kodi ya nyumba ya watu. Sikuwahi kuziandika kodi zile kama gharama ya ujenzi, lakini ndizo zilikuwa. Mtu anayelipa kodi ya laki nne kwa miaka 10 akisubiri boma ametoa milioni 48. Kwa hiyo simlaumu binamu yangu kwa kukopa. Analala kwake leo na watoto wake wana uwanja. Kilichonikera ni kwamba alinunua kitu cha milioni 211 akiamini ni cha milioni 60.

Kanuni za Benki Kuu za mwaka 2019 za kumlinda mtumiaji wa huduma za fedha zinataka mteja apewe taarifa zilizo wazi, na hilo ni jema. Mimi nadai zaidi. Ukurasa wa kwanza wa kila mkataba wa mkopo wa nyumba uwe na namba tano kwa maandishi makubwa na kwa Kiswahili: jumla itakayolipwa, salio la mwaka wa 5, salio la mwaka wa 10, salio la mwaka wa 15, na rejesho jipya endapo riba itapanda kwa pointi 2. Jedwali la marejesho benki inalo tayari kwenye kompyuta. Kulichapisha ni kurasa chache. Hadi hapo litakapokuwa takwa la lazima, mkopaji aliombe mwenyewe kabla ya kusaini, aende nalo nyumbani, alisome na mwenzi wake. Akikataliwa, ameshapata jibu kuhusu benki hiyo.

Jambo la mwisho ndilo lililobadilisha uso wa binamu yangu usiku ule. Kwa kuwa miezi ya mwanzo karibu rejesho lote ni riba, shilingi yoyote ya ziada inayoingia mwanzoni inakwenda moja kwa moja kwenye deni la msingi, na inafuta marejesho mengi ya mbele. Laki moja ya ziada kila mwezi tangu mwanzo inaumaliza mkopo wa miaka 20 ndani ya miaka 12. Yeye alikuwa amebakiza miezi 228. Kikoba chao cha wodini kilikuwa karibu kuvunjwa, na gawio lake lingefika milioni 2. Alikuwa amepanga kununua sofa.

Tulihesabu mara tatu kwa sababu hata mimi sikuamini. Milioni 2 zikiingia kwenye deni, rejesho likabaki lile lile, mkopo unaruka kutoka mwezi wa 12 hadi mwezi wa 53.

Alikwenda benki wiki mbili baadaye. Nilimsisitizia mambo mawili: aulize kwanza kama kuna adhabu ya kulipa kabla ya muda, na aandike barua kwamba fedha hizo zipunguze deni la msingi na muda ufupishwe. Mara ya kwanza karani aliziingiza kama marejesho ya miezi miwili ijayo, zikae zikisubiri, na binamu yangu akarudi dirishani na nakala ya barua yake iliyogongwa muhuri. Jioni alinitumia picha ya jedwali jipya kwenye simu. Miezi iliyobaki ilikuwa 187. Chini yake aliandika, "Kaka, 41 zimefutika. Sofa itasubiri."